Ngozi inawasha baada ya kuungua jua: maswali yanayoulizwa mara kwa mara Dar es Salaam

Haya ni maswali yanayorudi kwenye kaunta ya duka la dawa kila Jumatatu, hasa baada ya wikiendi ya Mbudya, Kigamboni au Coco Beach. Yameanzia ya msingi na kuishia kwenye hali za pekee. Kama umeungua leo na huna muda wa kusoma yote, anza na swali la 6. Kama kuna homa au malengelenge mengi, nenda moja kwa moja swali la 23; kama ni mtoto mchanga, swali la 18.

## Kuelewa kinachotokea

1. Mimi ni mweusi tii. Kweli jua linaweza kuniunguza?

Linaweza. Melanini, yaani rangi yenyewe ya ngozi, hupunguza mionzi inayopenya. Katika kipimo kimoja kinachonukuliwa sana, ngozi nyeusi ilionekana kuwa na kinga inayolingana na SPF (kile kipimo cha kinga kinachoandikwa kwenye losheni za jua) 13 hivi, ilhali ngozi nyeupe ilikuwa na 3 hivi. Kumi na tatu inasaidia sana kwa safari ya kutoka nyumbani hadi kituo cha mwendokasi. Haimtoshi mtu aliyeshinda kwenye mchanga kuanzia saa 4 asubuhi.

Kinachotuponza ni kwamba wekundu hauonekani. Kwenye ngozi nyeusi, kuungua unakujua kwa joto ukiweka kiganja, kwa ngozi kukaza, kwa kuuma mkanda wa begi unapogusa bega. Baadaye pale mahali panakuwa peusi zaidi, panawasha, kisha panabambuka. Ndiyo maana wengi huja siku ya tatu wakiomba dawa ya fangasi. Wameshasahau kwamba Jumamosi walishinda ufukweni.

2. Mbona siku ile kulikuwa na mawingu na upepo, wala sikusikia joto?

Kinachounguza ni mionzi ya urujuanimno, na hiyo haina joto unaloweza kulisikia. Upepo wa kusi unakupoza jasho, mionzi inaendelea na kazi yake. Mawingu mepesi hupitisha sehemu kubwa ya mionzi, hadi asilimia 80. Mchanga mkavu huirudisha kama asilimia 15 kukuelekea, kwa hiyo kukaa chini ya mwavuli wa ufukweni ni nafuu tu, si kinga kamili. Ndani ya maji nako hakuna kujificha: nusu mita chini bado inafika karibu asilimia 40 ya mionzi iliyopo juu.

Dar iko karibu nyuzi 7 kusini mwa ikweta. Jua hupita juu kabisa ya utosi mara mbili kwa mwaka, siku za mwanzo za Machi na tena karibu na tarehe 10 Oktoba, na hata Julai halishuki sana. Kwa saa zetu, jua linakuwa kali zaidi baada ya saa 6 mchana kupita kidogo. Kipindi cha kuogopa ni saa 4 asubuhi hadi saa 10 jioni, mwezi wowote.

3. Niliungua Jumamosi. Kwa nini muwasho umeanza Jumatatu?

Kwa sababu ngozi haiungui kama ilivyo kwa chai ya moto, unaguswa ukaruka. Mionzi huharibu vinasaba ndani ya seli za juu za ngozi. Dalili za kwanza hujitokeza baada ya saa 3 hadi 5, na uvimbe na maumivu hufika kileleni kati ya saa 12 na 24. Muda huo mwili unamwaga kemikali za uvimbe, zikiwemo prostaglandini na histamini, zinazoichokoza mishipa ya fahamu. Siku ya kwanza mishipa hiyo inapiga kelele ya maumivu. Maumivu yakipungua, muwasho ndio unaosikika.

Kuna sababu ya pili, na kwa wengi ndiyo kubwa zaidi. Tabaka la juu lililoharibika haliwezi tena kuzuia maji yasipotee, kwa hiyo ngozi inakauka kutokea ndani. Seli zilizokufa zinaanza kuachia na ngozi mpya chini yake bado ni nyepesi. Ukavu huo unawasha hata bila histamini. Ndiyo maana kidonge cha mzio peke yake mara nyingi hakimalizi kazi, na mtu anarudi kulalamika kwamba dawa ni feki.

4. Utakwisha lini?

Kuungua kwa kawaida, bila malengelenge, muwasho huwa mkali siku ya 2 hadi ya 4 na hutulia ndani ya wiki moja. Ukibambuka, muwasho mdogo mdogo unaweza kufuata hadi ngozi ya zamani itoke yote. Wiki mbili zikipita bado unajikuna, shaka kitu kingine na usome swali la 5 na la 15.

5. Nitajuaje kama ni jua, si harara, upele au fangasi?

Angalia mpaka. Jua huacha alama pale nguo ilipoishia: mkanda wa sidiria, shingo ya fulana, saa ya mkononi, ndala. Ngozi iliyofunikwa inabaki salama.

Harara hufanya kinyume. Inatoka kulikofunikwa na kutoa jasho, chini ya matiti, kiunoni, mgongoni, kwa vipele vidogo vinavyochoma kama sindano. Desemba hadi Machi watu wengi wana vyote viwili kwa pamoja. Upele huwasha zaidi usiku, hupenda kati ya vidole na kwenye vifundo vya mikono, na hauchukui muda kabla wengine nyumbani hawajaanza kujikuna. Fangasi hukaa kwa duara lenye ukingo ulioinuka. Konyeza wa baharini anaacha michirizi, na ulimsikia palepale majini.

## Kupoza na kutuliza nyumbani

6. Nimeungua leo. Nifanye nini sasa hivi?

Toka juani, ingia kivulini, kunywa maji. Kisha poza ngozi. Si lazima uwe na bafu la kulala: chovya khanga nyepesi au kitambaa cha pamba kwenye maji ya kawaida ya bomba, kamua kidogo, funika palipoungua dakika 10 hadi 15, ondoa, rudia mara kadhaa kwa siku. Ukioga, oga kwa muda mfupi kwa maji yasiyo ya moto. Usitumie dodoki wala jiwe, na sabuni iishie kwapani, miguuni na sehemu za siri. Jikaushe kwa kugusagusa taulo bila kusugua, na ngozi ikiwa bado ina unyevu, paka kitu kutoka swali la 8.

Barafu usiiweke moja kwa moja. Inaweza kuiumiza ngozi ambayo tayari imejeruhiwa, na kwa kuwa imekufa ganzi hutajua.

Oti zile za uji zinasaidia muwasho. Saga kikombe kimoja kwenye blenda hadi iwe unga laini, koroga kwenye nusu ndoo ya maji, tumia maji hayo kulowesha khanga au kujimwagia mwishoni mwa kuoga. Hakuna haja ya kununua oti za bei; zozote zisizo na sukari wala ladha zinafaa. Kwa kuchafua bafu, hilo nakiri litatokea.

7. Kwetu maji ya kisima yana chumvi. Nayo je?

Swali la Mbezi, Kigamboni na Tabata hilo. Maji ya chumvi hayatakudhuru kwa kuoga mara moja, ila yakikaukia mwilini yanaacha chumvi juu ya ngozi inayopoteza maji, na muwasho unaongezeka. Oga hayo kama ndiyo uliyonayo, halafu jimwagie jagi mbili au tatu za maji matamu mwishoni, ya DAWASA au ya mvua. Kwa kulowesha khanga tumia maji matamu tu. Ukitoka baharini ni vivyo hivyo: usilale na chumvi ya bahari mwilini.

8. Nipake nini?

Siku ya kwanza na ya pili, wakati ngozi bado ina moto, paka vitu vyepesi vyenye maji mengi. Losheni isiyo na manukato inatosha. Kalamini, ile ya rangi ya waridi, inapoza na kutuliza muwasho, ila inakausha. Ipake sehemu ndogo zinazowasha sana, kisha losheni baadaye. Ukiweka losheni kwenye friji kwanza utashukuru.

Shubiri inatuliza, na mmea upo kwenye kopo barazani kwa watu wengi. Kata jani, lisimamishe wima dakika kama 15 utomvu wa njano uchuruzike wote, kwa sababu huo ndio unaowasha. Osha, menya, tumia ute mweupe wa ndani peke yake. Jaribu kwanza sehemu ndogo ya mkono. Jeli ya dukani nayo ni sawa, mradi usome kopo: nyingi zina pombe na manukato na rangi ya kijani ambayo mmea wenyewe hauna.

Mafuta ya nazi na Vaseline vina wakati wake. Ngozi ikiwa bado ya moto, mafuta mazito yanafungia joto. Moto ukishaisha, kuanzia siku ya tatu hivi, Vaseline nyembamba juu ya ngozi yenye unyevu ni moja ya vitu bora na rahisi kuzuia ukavu. Mafuta ya nazi yanafaa kwa wengi, si kwa wote.

9. Na nisipake nini?

Dawa ya meno. Yai. Makapi ya chai. Spiriti. Ndimu au limau (sababu iko swali la 16). Dawa za kuua vijidudu kama Dettol kwenye maji ya kuoga: ngozi haina wadudu, ina jeraha, na dawa hiyo inalikausha na kulichoma. Robb na dawa nyingine za mentholi zinaleta ubaridi wa dakika chache halafu ngozi iliyochubuka inalipuka. Krimu za ganzi zenye benzokaini nazo ziache, maana zinaweza kuleta mzio juu ya kuungua. Poda ya mtoto haina madhara makubwa, ila inakausha, na tatizo lako ni ukavu.

Kwa uzoefu wangu wa kaunta, nusu ya kazi ni kumwomba mtu aache alichokwisha paka.

10. Mchana navumilia. Usiku siwezi kulala.

Usiku hakuna cha kukushughulisha, na joto la kitandani linaamsha muwasho. Oga kabla ya kulala, paka losheni, vaa fulana kuukuu ya pamba iliyopwaya au lala na khanga laini tu. Shuka za polista zinakwaruza. Feni isikupige moja kwa moja usiku kucha, kwani upepo nao unakausha. Ielekeze ukutani. Umeme ukikatika, rudia ile khanga yenye maji. Kata kucha fupi kabla ya kulala, kwa sababu usingizini utajikuna. Pakiwasha, kandamiza kwa kiganja au pigapiga taratibu badala ya kukwaruza. Kidonge cha usiku kimeelezwa swali la 12.

11. Ngozi inabambuka. Niivute?

Usiivute. Ile iliyoachia yenyewe na kuning'inia, ikate kwa mkasi safi. Iliyoshika iache, kwa sababu chini yake kuna ngozi ambayo haijakomaa, na ukiibandua unapata kidonda na baadaye doa (swali la 26). Skrabu ya kahawa, ya sukari, ya liwa, zote zisubiri hadi ngozi itulie kabisa. Malengelenge usiyatoboe, maji yaliyomo ni bandeji ya bure. Likipasuka lenyewe, osha kwa maji safi na sabuni laini, paka Vaseline, funika kwa shashi safi isiyogandia.

## Dawa

12. Piriton au setirizini?

Zote ni dawa za mzio. Piriton inalaza, na hiyo ndiyo sababu inasaidia usiku: mtu mzima kidonge kimoja cha miligramu 4, kinaweza kurudiwa baada ya saa 4 hadi 6, bila kuzidi vidonge 6 kwa siku nzima. Usiinywe ukiwa unaendesha bodaboda, bajaji au mashine, na usichanganye na bia. Setirizini au loratadini, miligramu 10 mara moja kwa siku, hazilazi sana, ingawa setirizini huwalaza baadhi ya watu. Chagua moja. Kunywa mbili za kundi moja hakuongezi nafuu, kunaongeza usingizi.

Kumbuka lililosemwa swali la 3: zinapunguza sehemu ya histamini tu. Bila losheni utaendelea kuwashwa.

13. Kwa maumivu ninywe nini? Na homa je?

Ibuprofeni inazuia prostaglandini, kwa hiyo kwa kuungua jua ina maana zaidi ikinywewa mapema, ndani ya siku ya kwanza: miligramu 400 baada ya chakula, hadi mara 3 kwa siku, siku moja au mbili. Haifai kwa mwenye vidonda vya tumbo, ugonjwa wa figo, pumu inayoamshwa na dawa hizo, wala mjamzito.

Kwa jiji letu naweka tahadhari nzito hapa. Kama una homa, anza na parasetamoli: vidonge 2 vya miligramu 500 kila baada ya saa 6, visizidi 8 kwa siku. Homa baada ya kushinda nje inaweza kuwa ya kuungua, lakini inaweza pia kuwa malaria au dengi, na Dar imeshapata milipuko ya dengi, ukiwemo wa 2014 na wa 2019. Kwa mgonjwa wa dengi, ibuprofeni, diklofenaki na aspirini huongeza hatari ya kutokwa damu. Pima kwanza.

14. Rafiki kaniletea tyubu ya krimu "inayotibu kila kitu". Nitumie?

Geuza tyubu usome. Zile za mchanganyiko zinakuwa na steroidi kali (dawa ya kushusha uvimbe), antibayotiki na dawa ya fangasi kwa pamoja. Kwenye ngozi iliyoungua huhitaji hata moja kati ya hizo tatu kwa nguvu hiyo. Steroidi kali zikitumika hovyo zinaifanya ngozi kuwa nyembamba, zinaleta chunusi na mistari, na usoni madhara ni ya haraka. Nafuu ya siku mbili ndiyo inayomdanganya mtu aendelee miezi miwili.

Haidrokotisoni ya asilimia 1 ni dhaifu na inaruhusika: kidogo, mara moja au mbili kwa siku, siku 3 hadi 5, mahali panapowasha sana, pasipo na kidonda wala lengelenge. Haitaponya kuungua kwenyewe, inatuliza muwasho tu.

15. Je, dawa ninayokunywa inaweza kuwa ndiyo chanzo?

Inaweza, na swali hili halitoki kinywani mwa mteja mpaka aulizwe. Kama uliungua kuliko wenzako mliokaa pamoja, kwa muda uleule, fikiria dawa. Zinazojulikana kuifanya ngozi iungue upesi ni doksisaiklini, siprofloksasini, Septrin, griseofulvini ya fangasi, baadhi ya dawa za presha zenye haidroklorothiazidi, furosemidi, piroksikamu, jeli ya ketoprofeni ya maumivu ya misuli, na krimu za chunusi zenye tretinoini.

Usiache dawa ya presha wala ya maambukizi kwa uamuzi wako. Jifunike, kaa kivulini, na ukamwulize aliyekuandikia kama kuna mbadala.

## Hali za pekee

16. Nilikula mihogo Coco Beach, sasa mikononi nimetoka malengelenge na madoa meusi yenye umbo la matone. Ni jua?

Ni jua na ndimu. Maganda na maji ya ndimu yana kemikali ziitwazo furanokumarini. Zikiwa juu ya ngozi halafu mionzi ikazipata, zinaunguza vikali hata kwa mtu ambaye haungui kirahisi. Unakamulia ndimu kwenye mihogo na pilipili, maji yanachuruzika hadi kwenye kifundo, unajifuta kwa kiganja na kuendelea kukaa juani. Siku moja hadi mbili baadaye panawaka, pengine panatoka malengelenge, kisha linabaki doa lenye umbo la tone au la vidole. Wauza juisi na wakata samaki pale Feri wanaokamua ndimu mchana kutwa huyapata mara kwa mara.

Tiba ni ileile ya swali la 6 na la 8. Doa hukaa wiki kadhaa hadi miezi. Kinga ni rahisi: kamulia kivulini, nawa kwa sabuni hadi kwenye viwiko kabla ya kurudi juani. Usishangae pia ukimwona mtoto mwenye alama za vidole mgongoni. Mara nyingi kuna mtu mzima aliyemshika akiwa na ndimu mikononi.

17. Natumia mkorogo. Kuna uhusiano?

Mkubwa. Unapojichubua unaondoa ile kinga ya swali la 1, na vipodozi vingi vya aina hiyo vina haidrokwinoni, zebaki au steroidi kali, ambavyo vimepigwa marufuku kwenye vipodozi nchini. Ngozi inabaki nyembamba chini ya jua la karibu na ikweta. Matokeo yake ni uso unaowaka ukitoka tu nje, kuwashwa kusikoisha, na weusi wa mashavuni ambao unamrudisha mtu kwenye mkorogo.

Simama sasa, usiupake juu ya ngozi iliyoungua. Ila kama kuna steroidi ndani na umetumia miezi mingi, ukiacha ghafla uso unaweza kuvimba na kuwasha kuliko mwanzo. Nenda kliniki ya ngozi na ubebe kopo lenyewe. Hakuna atakayekucheka, wanayaona kila siku.

18. Mtoto wangu kaungua na anajikuna.

Chini ya mwaka 1, mpeleke hospitali, hata kama anaonekana yuko sawa. Aliyezidi hapo: khanga ya maji ya kawaida (asitetemeke), anyweshwe maji au maziwa mara nyingi, losheni isiyo na manukato, kucha fupi. Parasetamoli ya maji kwa kipimo cha uzito wake. Aspirini asipewe kabisa. Dawa ya mzio kwa mtoto chini ya miaka 2 isubiri neno la daktari.

Mchanga wa chini ya miezi 6 hapakwi losheni ya jua. Anawekwa kivulini na kuvalishwa. Desturi ya kumwotesha jua ikibaki, bibi asinielewe vibaya: iwe dakika chache za asubuhi mapema, si saa 4.

19. Nina mimba, au nanyonyesha.

Kupoza, kalamini, losheni, Vaseline na parasetamoli ni salama. Ibuprofeni usitumie ukiwa mjamzito, hasa baada ya wiki ya 20. Kwa dawa za mzio, ongea na mkunga au mfamasia kwanza. Anayenyonyesha asipake chochote kwenye titi ambacho mtoto atakimeza. Tumbo la miezi ya mwisho huwasha lenyewe. Lakini ukiwashwa viganjani na nyayoni usiku, hilo si jua, nenda kliniki siku hiyohiyo, maana linaweza kuwa tatizo la ini la ujauzito.

20. Mwenye ualbino afanye nini tofauti?

Huduma ya kwanza ni ileile, ila kiwango cha tahadhari ni kingine kabisa. Kila kuungua kunaongeza hatari ya saratani ya ngozi, ambayo kwa watu wenye ualbino huja mapema. Kidonda chochote kisichopona ndani ya wiki 4, gamba gumu linalorudi, au kipele kinachotoa damu kionwe na daktari wa ngozi Muhimbili au kwenye kliniki iliyo karibu. Saratani yenyewe hutibiwa Ocean Road, na ikiwahiwa hutibika vizuri. Kuna losheni ya jua iitwayo Kilisun, iliyoanzia hospitali ya KCMC Moshi, mahsusi kwa watu wenye ualbino. Ulizia kliniki ya ngozi au chama chenu namna ya kuipata.

21. Huu si muwasho wa kawaida. Uko ndani, kama sindano, nataka kulia.

Upo na una watu wake, ingawa si wengi. Huanza siku 1 hadi 3 baada ya kuungua, mara nyingi mgongoni na mabegani, huja kwa mawimbi, na kujikuna kunauchochea. Ajabu yake ni kwamba maji na mafuta, vinavyowasaidia wengine, kwa mtu huyu vinaweza kuuwasha zaidi. Kwa hiyo ukipaka losheni ukaruka, acha kupaka. Kunywa dawa ya mzio na ya maumivu, vaa kitu laini au usivae kitu, tembeatembea chumbani badala ya kulala juu ya mgongo. Wapo wanaosimulia kwamba maji ya moto sana yaliwaokoa. Ngozi iliyoungua ukiiongezea moto inaungua tena, kwa hiyo siwezi kukushauri hivyo. Kwa kawaida hupita ndani ya siku 2. Usipolala usiku mzima, nenda hospitali ukapewe dawa ya nguvu zaidi.

22. Mimi natoka vipele kila nikikaa juani dakika chache.

Hiyo si kuungua. Vikitoka ndani ya dakika na kupotea baada ya saa moja au mbili, inaweza kuwa mzio wa jua wenyewe. Wekundu au weusi wa mashavuni unaorudi na jua, pamoja na viungo kuuma, uchovu na nywele kunyonyoka, unahitaji vipimo vya lupasi, ugonjwa ambao kinga ya mwili inaushambulia mwili wenyewe. Kote kuwili unahitaji daktari, si losheni nyingine.

## Kwenda hospitali

23. Lini niache kujitibu?

Nenda leo kama kuna homa ya nyuzi 38 au zaidi, kutetemeka, kutapika, malengelenge kwenye uso, mikono au sehemu za siri, au malengelenge mengi yaliyoenea. Nenda pia kama macho yanauma na mwanga huuvumilii, au baada ya siku kadhaa pametoka usaha, harufu, michirizi na uvimbe unaopanda. Mwenye kisukari asisubiri dalili zote hizo.

Aliyechanganyikiwa, anayeongea maneno yasiyoeleweka au kuzimia baada ya kushinda juani, huyo amezidiwa na joto na ni dharura. Msogezeni kivulini, mvueni nguo za juu, mmwagieni maji na kumpepea mkiwa njiani. Msimlazimishe kunywa. Hospitali za Amana, Temeke na Mwananyamala zinapokea dharura. Nenda iliyo karibu, usivuke jiji kutafuta jina.

## Kurudi juani

24. Kazi yangu iko juani. Siwezi kukaa ndani wiki nzima.

Najua. Mwendesha bodaboda, fundi ujenzi, mvuvi, machinga wa Kariakoo, hawa hawana likizo ya ngozi. Funika palipoungua kwa nguo, si kwa losheni: shati la mikono mirefu lililofumwa vizuri, la rangi ya kukolea. Fulana nyeupe ya pamba inapitisha mionzi mingi, na ikilowa inapitisha zaidi. Kofia iwe na ukingo pande zote, maana kapelo inaacha masikio na shingo. Kazi ya kuinua na kubeba isogezwe kabla ya saa 4 kama bosi anakubali.

25. Losheni ya jua ninunue ipi, na nipake kiasi gani?

SPF 30 huzuia karibu asilimia 97 ya mionzi inayounguza, SPF 50 karibu 98. Tofauti ni ndogo kuliko bei. Kinachoharibu ni kupaka kidogo: mwili mzima wa mtu mzima unahitaji kama mililita 30, dakika 15 hadi 30 kabla ya kutoka, na kurudia kila baada ya saa 2 na kila ukitoka majini. Chupa ya familia inayomaliza mwaka haijapakwa. Soma tarehe ya mwisho, na usinunue iliyokaa kwenye meza ya barabarani juani. Ngozi iliyopasuka usiipake hadi ifunge.

26. Muwasho umeisha, doa limebaki. Nipake nini liondoke?

Kwa ngozi zetu doa linalofuata uvimbe ni la kawaida na hufifia lenyewe, mara nyingi ndani ya miezi 3 hadi 12. Losheni, Vaseline na kivuli vinatosha. Jua ndilo linalolirudisha. Ukiletewa krimu ya kuling'arisha kwa wiki moja, soma tena swali la 17. Doa linalobadilika umbo, linalokua au kutoa damu, au jeusi linalotokea unyayoni au chini ya ukucha, lionwe na daktari wa ngozi bila kusubiri.